Mchezo wa Kale katika Chombo Kipya: Michezo ya Kiganjani na Kiswahili katika Mombasa Bara

Utangulizi

Wahenga walisema kuwa kipya kinyemi ingawa kidonda. Wakasema pia kuwa ya kale ni dhahabu. Methali hizi mbili huvutana, na mvutano wake hudhihirika katika jambo ambalo wazee wengi hulipita bila kulitazama mara mbili: kijana aliye kwenye foleni ya feri ya Likoni, simu mkononi, akicheza mchezo uliotungwa kabla hajazaliwa. Chombo alichokishika ni kipya, bali mchezo wenyewe ni mkongwe. Mtambo uliokusudiwa kuuchezesha mchezo huo umekwisha kuacha kutengenezwa, na huenda kijana huyo hajawahi kuuona kwa macho.

Je, mchezo uliotungiwa mtambo mmoja huwezaje kuchezeka katika mtambo mwingine usiofanana nao? Ni nini kinachopotea njiani? Je, sheria inasemaje? Na Kiswahili, ambacho ndicho lugha ya foleni hiyo ya feri, kina nafasi gani ndani ya michezo hiyo? Makala haya yananuia kuyajibu maswali hayo kwa kuangazia hali ya Mombasa Bara, yaani Likoni upande wa kusini, Kisauni upande wa kaskazini na Changamwe upande wa magharibi.

Maana ya mchezo wa kiganjani

Kwa kuwa simu ya mkononi huitwa pia simu ya kiganjani, makala haya yatauita mchezo wa kielektroniki unaochezwa katika chombo cha kushikwa mkononi kuwa mchezo wa kiganjani. Chombo cha aina hiyo huwa na skrini yake, vibonye vyake, betri yake na spika yake, hivyo hakihitaji televisheni wala waya wa umeme wakati wa kuchezwa.

Chombo mashuhuri zaidi katika historia ya michezo hii ni Game Boy, iliyotolewa na kampuni ya Nintendo nchini Japani mwezi Aprili mwaka 1989. Skrini yake ilikuwa na nukta 160 kwa upana na 144 kwa kimo, nayo ilionyesha viwango vinne tu vya rangi ya kijivu, bila rangi nyingine. Ilitumia betri ndogo nne, na michezo yake iliuzwa katika vibweta vya plastiki viitwavyo katriji. Mchezo wa Tetris, uliobuniwa na Mrusi Alexey Pajitnov mwaka 1984, ulienea mno kupitia chombo hicho. Programu yote ya Tetris ya Game Boy ni kilobaiti 32 tu. Picha moja inayopigwa kwa simu ya leo huzidi kiasi hicho mara nyingi.

Baadaye zilifuata Game Boy Color mwaka 1998, Game Boy Advance mwaka 2001 na Nintendo DS mwaka 2004. Mwishoni mwa mwaka huo wa 2004 kampuni ya Sony nayo ilitoa PSP, chombo kilichotumia visahani vidogo vyenye nafasi ya hadi gigabaiti 1.8.

Kwa wakazi wengi wa Mombasa Bara, majina hayo yalikuwa ya kusikika tu. Chombo kilichowafikia watoto wengi katika miaka ya 1990 kilikuwa kile kichezeo cha plastiki cha bei nafuu kutoka China, chenye matofali meusi yanayoshuka katika uwanja wa miraba 10 kwa 20. Kisha ikaja simu. Nokia 6110 ya mwaka 1997 ilikuja na mchezo wa nyoka anayerefuka kila anapokula, na Nokia 1100 iliyotolewa mwaka 2003 ikausambaza mchezo huo kila pembe ya Afrika Mashariki. Hivyo basi, kwa watu wengi wa Likoni na Changamwe, mchezo wa kiganjani wa kwanza kuuzoea haukununuliwa kama mchezo; ulikuja ndani ya simu.

Mchezo ni kanuni, si ubao

Kabla ya kueleza mambo ya mitambo, inafaa kuanza na mfano unaojulikana pwani nzima. Mchezo wa bao huchezwa katika ubao uliochongwa kwa ustadi, wenye mashimo 32 yaliyopangwa katika safu nne, kwa kete 64 ambazo aghalabu huwa ni komwe. Hata hivyo, wachezaji wasipokuwa na ubao huchimba mashimo mchangani, wakaokota vijiwe, na mchezo ukaendelea. Hapana anayedai kuwa hilo si bao. Nyumba hubaki nyumba, kunamua hubaki kunamua, na kutakata hubaki kutakata. Bao limo katika kanuni, si katika mbao.

Mchezo wa kielektroniki nao ni mfululizo wa kanuni, isipokuwa kanuni zake zimeandikwa kwa lugha ya mashine fulani. Hapo ndipo tofauti inapoanza. Mchanga wa Likoni haujali kanuni za bao zilitungwa kwa ajili ya ubao gani, bali prosesa hujali sana. Prosesa ya Game Boy huelewa amri za aina moja na prosesa ya simu huelewa amri za aina nyingine, kama watu wawili wasiosemezana kwa kuwa hawana lugha moja. Kwa hiyo suala la kuucheza mchezo wa kale katika chombo kipya ni suala la lugha tangu mwanzo hadi mwisho, na wanafunzi wa Kiswahili hawapaswi kuliona kuwa geni.

Ziko njia kuu tatu za kulitatua.

Njia ya kwanza: moyo wa zamani ndani ya mwili mpya

Njia ya kwanza ni ya watengenezaji wenyewe. Chombo kipya huwekewa ndani yake prosesa ya chombo cha zamani, au prosesa inayoelewa amri zile zile. Game Boy Color ilikuwa na prosesa ya jamii moja na ile ya Game Boy, ila iliweza kwenda kwa kasi mara mbili. Hivyo katriji za mwaka 1989 zilichezeka humo bila taabu, tena zikapakwa rangi ambazo mchezaji aliweza kuzichagua kwa kubonyeza vibonye fulani wakati wa kuwasha.

Game Boy Advance ilikwenda mbali zaidi. Prosesa yake kuu ilikuwa ya aina nyingine kabisa, lakini ndani yake iliwekwa pia prosesa ya zamani. Katika tundu la kuingizia katriji mlikuwamo swichi ndogo. Katriji ya zamani, ambayo umbo lake lilikuwa tofauti, iliibonyeza swichi hiyo, na chombo kikatambua kuwa kimeingiziwa mchezo wa kale. Hapo umeme uliongezwa kutoka volti 3.3 hadi volti 5 ambazo katriji za zamani zilizihitaji, na kazi ikakabidhiwa prosesa kongwe. Kwa kuwa skrini mpya ilikuwa na nukta 240 kwa 160, picha ya zamani ilikaa katikati, ikiachiwa nukta 40 tupu kila upande na nukta 8 juu na chini.

Njia hii ina uaminifu mkubwa, kwani anayeuendesha mchezo ni yule yule aliyetungiwa. Kasoro yake ni gharama na nafasi, na ndiyo sababu urithi huu haudumu. Nintendo DS ilikuwa na tundu la pili lililopokea katriji za Game Boy Advance, lakini prosesa ya Game Boy ya kwanza ilikuwa imekwisha kuondolewa. Katriji za mwaka 1989 zikakosa pa kuingia. Tena DS haikuwa na mahali pa kuchomeka waya wa kuunganisha vyombo viwili, hivyo mchezo wa wawili ukawa wa mmoja. Nintendo DSi ya mwaka 2008 ikaliondoa tundu lenyewe. Kila kizazi humkumbuka baba, pengine na babu, kisha humsahau babu wa babu.

Njia ya pili: kiigizi

Njia ya pili ndiyo iliyotamalaki Mombasa Bara. Badala ya kuweka prosesa ya zamani ndani ya chombo kipya, huandikwa programu inayoiiga prosesa hiyo pamoja na skrini, spika na vibonye vyake. Programu hiyo yaweza kuitwa kiigizi. Mchezo unapoendeshwa ndani ya kiigizi, hauna njia ya kujua kuwa haumo katika chombo chake cha asili. Kila unachokiuliza hujibiwa kama ambavyo chombo hicho kingejibu.

Kiigizi hufanya kazi kwa mojawapo ya namna mbili, na tofauti baina yake ni ile ile inayofundishwa darasani baina ya ukalimani na tafsiri. Katika namna ya kwanza, kiigizi huisoma amri moja ya mchezo, huifasiri, huitekeleza, kisha huisoma inayofuata. Hata kama amri ile ile itarudiwa mara milioni moja, itafasiriwa upya mara milioni moja. Huu ni ukalimani: msemaji hutamka sentensi, mkalimani huigeuza papo hapo, na hakuna kinachoandikwa. Ni kazi sahihi lakini ya polepole.

Katika namna ya pili, kiigizi hukichukua kifungu kizima cha amri, hukigeuza kuwa amri za prosesa ya simu, kisha huihifadhi tafsiri hiyo katika kumbukumbu. Kifungu kikihitajika tena, tafsiri iliyokwisha kuandikwa hutumika moja kwa moja. Huu ndio ufasiri wa maandishi, nao huongeza kasi maradufu.

Kwa michezo ya Game Boy ukalimani hutosha, maana prosesa yake ilikwenda kwa megahezi 4.19 tu. Kwa PSP, ambayo prosesa yake iliweza kufikia megahezi 333, tafsiri ni ya lazima ikiwa simu ni ya bei ya chini. Hapo ndipo inapoingia PPSSPP, kiigizi cha PSP kilichoanzishwa na Henrik Rydgård na kutolewa kwa mara ya kwanza mwezi Novemba mwaka 2012. Kiigizi hicho hutolewa bure na msimbo wake uko wazi kwa yeyote kuusoma. Simu za Android zilipokuwa rahisi kupatikana nchini Kenya, michezo ya kandanda na ya magari iliyotungiwa PSP ilipata maisha ya pili ndani ya simu za vijana ambao hawakuwahi kumiliki PSP. Kwa upande wa simu za iPhone, kampuni ya Apple iliviruhusu viigizi vya aina hii katika duka lake mwezi Aprili mwaka 2024.

Kiigizi kinaweza hata kukishinda chombo kilichoigwa. Skrini ya PSP ilikuwa na nukta 480 kwa 272. Kwa kuwa michezo yake mingi huchora maumbo kwa hesabu, PPSSPP yaweza kuiamuru simu iyachore maumbo hayo kwa nukta 960 kwa 544, na picha ikawa safi kuliko ilivyowahi kuwa. Aidha, PSP iliweza kuunganishwa na nyingine iliyo karibu bila intaneti, na PPSSPP huuiga uwezo huo kupitia Wi-Fi. Vijana wawili walioketi chini ya mwembe huko Mtongwe wanaweza kushindana kwa kutumia mtandao unaorushwa na simu ya mmoja wao, pasipo kutumia hata senti moja ya data.

Njia ya tatu: kuandika upya

Njia ya tatu ni kuutunga mchezo upya kwa lugha ya chombo kipya. Mchezo wa nyoka unaopatikana katika simu za leo si programu iliyokuwamo katika Nokia 6110. Ni programu nyingine inayofuata kanuni zinazofanana na zile. Hapa mfano wa bao mchangani unaafiki kikamilifu: kanuni zimehama, mbao zimeachwa.

Faida ya njia hii ni kwamba mchezo hutoshea skrini mpya na vidole vipya. Hasara yake ni kuwa kila mwandishi huleta mkono wake. Kasi ya nyoka hubadilika, ukuta uliokuwa ukiua huwa mlango wa kutokea upande wa pili, na mchezaji wa zamani huhisi kuwa anaimbiwa wimbo anaoujua kwa mahadhi asiyoyajua.

Kinachopotea njiani

Hakuna uhamisho usio na upungufu. Upungufu wa kwanza ni wa vidole. Game Boy ilikuwa na vibonye halisi vinavyopapaswa. Simu huchora vibonye juu ya kioo, na kidole kikivigusa huifunika sehemu ya picha.

Upungufu wa pili ni wa picha. Skrini ya simu yenye upana wa nukta 720 haigawanyiki sawasawa kwa 160, kwani jawabu ni 4.5. Kila nukta ya zamani ikipanuliwa mara nne, picha huwa na upana wa nukta 640 na kuacha ukingo mweusi. Ikilazimishwa kuujaza upana wote, baadhi ya nukta hupanuliwa mara nne na nyingine mara tano, na herufi zikapinda. Tatizo kama hilo limo hata katika vyombo vya watengenezaji: Nintendo 3DS ya mwaka 2011 iliikuza picha ya michezo ya DS mara 1.25, ikawa na ukungu, ila mchezaji aliyebonyeza kibonye cha Start au Select wakati wa kuufungua mchezo aliipata kwa ukubwa wake wa asili.

Upungufu wa tatu ni wa viungo vya ziada. Mchezo wa Boktai uliotolewa na kampuni ya Konami mwaka 2003 ulikuwa na kihisio cha mwanga wa jua ndani ya katriji yake. Mchezaji alilazimika kutoka nje ili shujaa wake apate nguvu ya jua. Jua la Mombasa lingeufaa mno mchezo huo, lakini katika kiigizi jua hugeuzwa kuwa kipimo kinachopandishwa na kushushwa kwa kidole, na mchezaji aweza kulipata jua usiku wa manane akiwa kitandani.

Upungufu wa nne ni wa kumbukumbu. Katriji nyingi za Game Boy zilihifadhi hatua za mchezaji kwa nguvu ya betri ndogo ya duara iliyofungwa ndani. Betri hiyo hufa baada ya miaka, na kila kilichohifadhiwa hufa nayo. Katika miji ya bahari kama Mombasa hewa yenye chumvi nayo huharakisha kutu. Kwa maana hii, nakala iliyomo katika simu yaweza kuishi muda mrefu kuliko katriji iliyoizaa.

Upande wa sheria

Ni muhimu kutenganisha mambo mawili ambayo aghalabu huchanganywa: kiigizi na mchezo wenyewe. Nchini Marekani, mahakama ya rufani iliamua mwaka 2000, katika kesi baina ya Sony na kampuni ya Connectix, kwamba kuichunguza programu ya mtambo wa PlayStation kwa nia ya kutunga kiigizi kipya kulikuwa matumizi ya haki. Kwa hiyo kiigizi kilichoandikwa kwa jasho la mwandishi wake si wizi. Hata hivyo, mwezi Machi mwaka 2024 watungaji wa kiigizi cha Yuzu, kilichoiga Nintendo Switch, walikubali kuilipa Nintendo dola milioni 2.4 baada ya kushtakiwa kuwa kiigizi chao kilizikwepa kufuli za kulinda michezo.

Mchezo, kwa upande mwingine, ni mali ya mtungaji au kampuni yake. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 huzihesabu programu za kompyuta miongoni mwa kazi za maandishi, sawa na riwaya na diwani. Anayenakili mchezo kutoka simu moja hadi nyingine bila idhini hana tofauti na anayetoa nakala za riwaya nzima na kuziuza sokoni Kongowea.

Hapa ndipo penye utata wenyewe. Mkazi wa Changamwe anayetaka kuununua mchezo wa kale kihalali huuta wapi mlango? Video Game History Foundation, shirika la Marekani linalohifadhi historia ya michezo hii, lilionyesha mwaka 2023 kwamba asilimia 87 ya michezo iliyotolewa nchini humo kabla ya mwaka 2010 haikuwa ikiuzwa tena kwa njia yoyote rasmi. Duka la mtandaoni la Nintendo 3DS, ambalo liliuza michezo mingi ya Game Boy, lilifungwa kwa wanunuzi tarehe 27 Machi 2023. Hadi mwaka 2024 Kenya haikuwa miongoni mwa nchi zinazohudumiwa rasmi na mtandao wa PlayStation. Yaani, bidhaa haiuzwi, na hata ingaliuzwa, mnunuzi wa Changamwe asingalihudumiwa. Jambo hili halihalalishi unakili haramu, lakini linaeleza kwa nini unakili huo umestawi, na linawatwika wenye mali sehemu ya lawama.

Kiswahili ndani ya mchezo

Mtoto wa Kisauni anayecheza michezo hii hujifunza kusoma maagizo kwa Kiingereza, na wakati mwingine kwa Kijapani asichokielewa hata chembe. Je, yawezekana Kiswahili kuingia humo?

Kwa upande wa ufundi, yawezekana. Mchezo wa Mother 3 ulitolewa Japani pekee mwaka 2006 kwa ajili ya Game Boy Advance. Mwezi Oktoba mwaka 2008 mashabiki walikamilisha tafsiri yake ya Kiingereza kwa hiari yao, wakasambaza kiraka tu, yaani faili lenye mabadiliko yao pasipo mchezo wenyewe. Kinachowezekana kwa Kiingereza kinawezekana kwa Kiswahili, tena kwa wepesi fulani: herufi zote za Kiswahili cha kisasa zimo tayari katika michezo ya Kiingereza, pamoja na ile alama ya king'ong'o inayohitajika katika neno kama ng'ombe.

Ugumu uko kwingine, nao ni wa aina mbili. Wa kwanza ni urefu. Herufi katika Game Boy kwa kawaida hukaa ndani ya mraba wa nukta nane kwa nane, hivyo mstari mmoja wa skrini hauwezi kupita herufi 20, na kisanduku chenye fremu hubakiwa na 18. Swali "Je, ungependa kuhifadhi mchezo?" lina nafasi 31. Litahitaji mistari miwili, au likatwe liwe "Uhifadhi?" Mfasiri hapa hulazimika kufanya kazi ya malenga anayezihesabu mizani zake: maana isipotee na kipimo kisivunjwe.

Ugumu wa pili ni wa sarufi, nao wastahili kuzingatiwa na kila mwanafunzi wa isimu. Michezo mingi huunda sentensi kwa kuacha pengo na kulijaza jina la kitu kilichookotwa. Katika Kiingereza kitenzi hakibadiliki, hivyo kiolezo kimoja hutosha kwa vitu vyote. Katika Kiswahili, ngeli hudai haki yake: kisu kimepatikana, ufunguo umepatikana, jiwe limepatikana, dawa imepatikana. Mfasiri akiandika kiolezo kimoja chenye "imepatikana", mchezaji ataambiwa "kisu imepatikana", na mtoto atafundishwa kosa kila anapookota kitu.

Ziko suluhu mbili. Ya kwanza ni kuibadilisha programu ili kila jina liandamane na kiambishi chake cha upatanisho, kazi inayohitaji fundi wa programu. Ya pili haihitaji ila ujuzi wa lugha: kuigeuza sentensi ili upatanisho umfuate mtendaji badala ya kitu. Kiolezo cha "Umepata" kikifuatwa na pengo hukubali kisu, ufunguo, jiwe na dawa pasipo kuvunja kanuni yoyote. Ndiyo kusema kwamba tatizo lililodhaniwa kuwa la kompyuta hutatuliwa na mtu aliyezisoma ngeli vizuri.

Tahadhari ya kisheria iliyotajwa hapo juu ingali ipo, kwa kuwa tafsiri pia huhitaji idhini ya mwenye kazi. Lakini maarifa haya yanafaa vile vile kwa michezo mipya inayotungwa na vijana wa Afrika Mashariki wenyewe, ambako idhini ni ya mtungaji na lugha ni ya kuchagua.

Fundisho kutoka kwa Muyaka

Wasomi wa fasihi ya Mombasa hawana haja ya kwenda mbali kutafuta sababu ya kulijali suala hili. Muyaka bin Haji, malenga mkuu wa Mvita, alifariki kabla ya katikati ya karne ya 19. Mashairi yake yangeweza kuzikwa naye. Yalisalimika kwa sababu Mwalimu Sikujua aliyakusanya baadaye, akishirikiana na W. E. Taylor, kisha mwaka 1940 yakachapishwa kwa hati za Kirumi yakiwa yamehaririwa na William Hichens. Hati ya Kiarabu ilikuwa chombo cha zamani, hati ya Kirumi chombo kipya. Katika uhamisho huo wahariri walilazimika kukata shauri juu ya irabu na konsonanti ambazo hati ya Kiarabu haikuzipambanua waziwazi, na pengine walikosea. Lakini kama wangalingoja chombo kisicho na kasoro, leo pasingalikuwa na cha kuhariri.

Mchezo wa kielektroniki si shairi la Muyaka, na hakuna anayedai kuwa vitu hivyo vina uzito mmoja. Hata hivyo, vyote viwili ni kazi za akili za binadamu zinazotegemea chombo kinachochakaa, na vyote viwili huokolewa na watu walioona thamani wakati wengine waliona upuuzi.

Hitimisho

Makala haya yameeleza kuwa mchezo wa kale hufika katika chombo kipya kwa njia tatu: kwa kuachiwa prosesa yake ya asili, kwa kuigiwa chombo chake, au kwa kuandikwa upya. Yameonyesha kwamba kila njia ina kinachosalia na kinachopotea, kwamba sheria hukitofautisha kiigizi na mchezo, na kwamba Kiswahili kinao uwezo wa kuingia katika uwanja huu endapo kitaingizwa na wajuao kanuni zake.

Inapendekezwa, basi, kwamba vyama vya Kiswahili vyuoni vishirikiane na wanafunzi wa kompyuta katika mambo mawili. La kwanza ni kuunda orodha ya istilahi za michezo ya kielektroniki, kwa kuanzia na maneno yanayotumiwa tayari na vijana wa Likoni, Kisauni na Changamwe, badala ya kubuni maneno ambayo hakuna atakayeyatamka. La pili ni kutunga violezo vya sentensi za Kiswahili vinavyoheshimu ngeli, ili mtungaji yeyote wa programu avitumie bure. Kazi hiyo haihitaji fedha nyingi wala mitambo ya gharama. Yahitaji daftari, simu, na mtu anayejua kwa nini kisu kimepatikana lakini dawa imepatikana.